Mpaka Zimwi Liwe na Sura Nzuri Ndiyo Watu Walie?

Tangu Frankenstein ya Guillermo del Toro itoke Netflix mwaka 2025, kuna watu wamemlilia sana yule kiumbe. Makovu anayo, mishono mwili mzima, lakini chini yake ni Jacob Elordi, kaka ambaye mashabiki walishamkubali kwa sura zamani. Hapo ndipo penye shaka.

Kwenye kitabu cha Mary Shelley cha mwaka 1818, jamaa hana sura ya kumvuta mtu. Hana hata jina. Frankenstein ni jina la aliyemtengeneza, na huyo alimkimbia mara tu alipofumbua macho, kisa anatisha. Basi! Hakuwa amemkosea mtu. Akajificha karibu na familia moja maskini, akajifunza lugha kwa kuwachungulia, usiku anawatafutia kuni. Alipojitokeza, alianza na mzee wa nyumba ambaye ni kipofu, wakaongea vizuri tu. Wenye macho waliporudi, akala fimbo. Baadaye akamwokoa binti aliyekuwa anazama mtoni, malipo yake risasi. Mauaji yanakuja baada ya hapo. Si kwamba ni malaika, mtoto aliyemuua kwanza hakuwa na kosa lolote, ila angalia nani alianza.

Hollywood ikafanya nini? Filamu ya 1931, ile ya Boris Karloff mwenye vyuma shingoni, ilimnyima maneno na ikampa ubongo wa mhalifu. Ujanja mchafu huo. Ukishampa ubongo wa jambazi, waliomkimbia wote wanaonekana walikuwa na haki: sura mbaya, roho mbaya humo humo.

Del Toro amemrudishia akili na maneno, heko kwake. Ila huruma yenyewe imenunuliwa kwa sura. Wapo wanaomlilia Elordi usiku, asubuhi ikipita picha ya dada wa kweli mwenye kovu la moto usoni wanaweka emoji za kucheka na "leo silali". Na yeye anazisoma.

Disney nao walifanya hivyo hivyo mwaka 1991 na Beauty and the Beast. Filamu nzima inasema usiangalie sura, halafu mwishoni Beast anageuka mwanamfalme mtanashati. Afadhali Shrek ya 2001. Fiona alibaki na ukijani wake, na harusi ikafungwa.