Kiti cha kushauri tu: tukidharau au tukikalie?



Wengi wetu tuna ndugu wanaotafuta riziki Doha. Qatar tunaijua kwa gesi, ndege na Kombe la Dunia. Je, tarehe 8 Machi 1999 tunaijua?

Siku hiyo raia wa Qatar walichagua Baraza Kuu la Manispaa: viti 29, kila eneo mjumbe wake, muhula wa miaka minne. Wanawake waliruhusiwa kupiga kura na pia kugombea. Jirani zao wa Kuwait walisubiri hadi 2005 kupata haki hiyo.

Lakini baraza lenyewe halikupewa meno. Halitungi sheria. Kazi yake ni kushauri mambo ya mtaani kama barabara, taka na majengo, kisha serikali inaamua. Mtu angesema, sasa hapo mnachagua nini?

Wanawake sita waliwania. Wote sita wakaanguka. Ila kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Mwaka 2003 Sheikha Al Jufairi akaingia, mwanamke wa kwanza kuchaguliwa katika baraza hilo. Mwaka 2015 wakawa wawili.

Tusipambe hadithi lakini. Uchaguzi wa Baraza la Shura, ambalo ndilo linalohusika na sheria, ulikuja 2021, miaka 22 baada ya ule wa kwanza. Hakuna mwanamke hata mmoja aliyeshinda. Na wageni, ambao ni wengi kuliko raia, hawapigi kura kabisa. Mlango mdogo ukifunguliwa, ule mkubwa haujifungui wenyewe.

Kwa nini nawaambia haya? Kwa sababu kaunti ikiita wananchi watoe maoni kuhusu bajeti, utasikia vijana: "Wameshaamua, twende kufanya nini?" Malalamiko hayo yana ukweli, siyapingi. Lakini ukikosa kufika, huwezi hata kuuliza kwa nini ushauri wako ulitupwa. Aliyefika, akasema na yakaandikwa, ana pa kushikia kesho.

Shura ina pande mbili: anayeshauri aseme kweli, na anayeshauriwa asikilize. Upande wetu tuutimize kwanza, halafu tuwadai wa kwao bila kuchoka.

Kikao kijacho cha wadi yako ni lini? Kama hujui, anzia hapo.