Kadodi haifundishwi kwa semina

Anayetaka kuona mwili unavyoshika ujuzi na afike Nkoma, Mbale, Uganda, katika mwaka wa imbalu, sherehe ya tohara ya Wagisu, yaani mwaka shufwa kama 2022 au 2024. Kijana wa Kigisu hafungiwi ukumbini kufundishwa kadodi, ngoma ya imbalu. Huicheza njiani akienda kuwaarifu wajomba na mashangazi, njuga mapajani, leo kwenye lami, kesho kwenye mteremko wenye tope.

Utafiti unaunga mkono njia hiyo. Mwaka 1978 watafiti Kerr na Booth waliwapa watoto wa miaka 8 vifuko vya maharage wavirushe kulenga shabaha. Kundi moja lilizoea futi 3 tu, jingine futi 2 na 4. Baada ya wiki 12 wote walipimwa kwa futi 3, na kundi la pili, ambalo halikuwa limefanya mazoezi ya umbali huo, likalenga vizuri zaidi!

Kuhusu kugawa muda, mwaka huohuo watafiti Baddeley na Longman walieleza habari za wafanyakazi wa posta Uingereza waliofundishwa kupiga taipu. Waliosoma saa moja kwa siku walihitaji jumla ya saa chache kuliko waliokalishwa saa nne. Cha kuchekesha, hao wa saa moja ndio walioridhika kidogo zaidi na mafunzo, maana yaliwachukua siku nyingi.

Basi wenye gereji na mafundi cherehani wanaopokea wanagenzi wagawe saa zilezile kwa wiki nyingi, wabadilishe injini na vitambaa, kisha wampime mwanafunzi mwezi mmoja baadaye kabla ya kumkabidhi cheti.