Rufaa Inayosikilizwa Msimu Ukishapita

Kuna jibu ambalo limenichosha katika mijadala yetu ya sheria: "Amri ikiwa ya uonevu, mahakama ipo." Wanaolitoa ningewaomba wakalijaribu Nchelenge.

Kule ufukweni mwa Ziwa Mweru uvuvi hufungwa kuanzia Desemba mosi hadi mwisho wa Februari ili samaki wazaliane. Tuseme wachuuzi wa soko la Kashikishi wanataka kukutana hadharani mapema Desemba, waulize watakula nini miezi hiyo mitatu. Sheria ya Utulivu wa Umma ya Zambia, urithi wa mkoloni tangu 1955, inawataka watoe taarifa polisi siku saba kabla. Polisi wakijibu kwamba hawana askari wa kutosha, siku hiyo hakuna mkutano. Rufaa inaanzia kwa waziri, mtu wa serikali ileile, ndipo ifike Mahakama Kuu. Nani atalipa wakili na nauli, na biashara imelala? Jaji akija kulifungua jalada, nyavu zimekwisha kurudi majini.

Nitakumbushwa kesi ya Christine Mulundika na wenzake saba, hukumu namba 25 ya mwaka 1995. Naiheshimu. Mahakama ya Juu ya Zambia ilifuta sharti la kibali kwa kuwa lilivunja uhuru wa kukusanyika na wa kusema. Mwaka 1996 Bunge likaweka sharti la taarifa, na kibali kikarudi kimevaa kanzu nyingine.

India wanaijua hali hii. Kifungu cha 144 cha sheria yao ya mwenendo wa jinai, ambacho tangu Julai 2024 ni kifungu cha 163 cha sheria mpya, kinamruhusu hakimu kukataza mikusanyiko kwa hadi miezi miwili, hata bila kumsikiliza anayekatazwa. Katika kesi ya Madhu Limaye, mwaka 1970, Mahakama ya Juu ilikibariki. Januari 2020, katika kesi ya Anuradha Bhasin, ikasema amri hizo zichapishwe, zitaje sababu, wala zisirudiwe ovyo ili kuzima maoni halali. Maneno mazuri sana! Ila yalikuja miezi mitano baada ya Kashmir kufungiwa mikusanyiko na intaneti, na hata hapo mahakama haikuzifuta amri zenyewe. Iliiagiza serikali izipitie upya. Aliyefunga mlango ndiye aliyeambiwa aukague.

Sikatai kwamba fujo hutokea na kwamba polisi huhitaji kuchukua hatua haraka. Basi na uchunguzi uwe na haraka hiyohiyo. Kila katazo lifikishwe mbele ya hakimu aliye karibu ndani ya saa 48, bila kungoja mchuuzi akate rufaa. Ofisa aliyelitoa asimame aeleze hatari anayoiona na ushahidi wake. Akishindwa, au asipotokea, katazo life siku hiyohiyo na watu wa Kashikishi wakutane wakati bado ni Desemba.