Laburnamu: Mti wa Mafundi, Mbegu za Sumu

Mwishoni mwa mwezi Mei, katika bustani nyingi za Uingereza na Skotilandi, kuna mti mdogo ambao humsimamisha mpita njia. Maua yake ya manjano huning'inia kwa vishada virefu hata majani yakakaribia kusitirika. Huo ni mti wa laburnamu. Asili yake ni milima ya Ulaya ya kati na ya kusini, nao ulifikishwa Uingereza katika karne ya 16. Watu wa mjini huupenda kwa maua. Seremala huupenda kwa yaliyomo chini ya gome.

Mti huu ni mfupi, mara nyingi mita 7 au 8, na shina lake si nene. Basi asitazamie mtu kupata mbao za milango. Ukipasuliwa, sehemu ya nje huwa ya manjano hafifu, na kiini huwa na rangi ya kahawia iliyoingiwa na ukijani, ambayo kwa kupigwa na hewa hukolea kama buni iliyokaangwa. Ni mti mgumu na mzito: mita moja ya ujazo ya mbao kavu hufikia kilo 800 hivi. Hukerezeka vyema, na ukisuguliwa kwa msasa hung'aa.

Mafundi wa Uingereza wa karne ya 17 walibuni jambo la werevu. Walikata matawi kwa kukingama, vipande vyembamba sana. Kila kipande kikaonyesha duara jeusi la kiini ndani ya pete ya manjano, mfano wa ganda la chaza. Vipande hivyo walivibandika kwa gundi juu ya makabati na meza. Tawi ambalo mwingine angelitia jikoni likawa pambo la sebule za matajiri.

Waskoti nao walikerezea laburnamu mabomba ya zumari zao za mfuko. Katika karne ya 19, mbao za nchi za joto zilipowafikia kwa meli, walianza kuuacha mti wa kwao, na hatimaye mpingo wa Tanzania na Msumbiji ukashika nafasi ya kwanza. Si ajabu, kwani mpingo ni mzito hata huzama majini. Askari wa bendi anayepuliza zumari hizo katika gwaride, yamkini ameshika mti wa Afrika Mashariki uliokwenda Ulaya na kurudi.

Laburnamu na mpingo ni wa jamaa moja, ile ya kunde, na hapo ndipo penye hatari. Maganda ya laburnamu hufanana na ya maharage machanga, na watoto wanaocheza mchezo wa kupika huyatia kinywani. Ndani yake mna sumu iitwayo sitisini. Mtoto hutapika, hulegea kwa usingizi, na akila nyingi aweza kupatwa na degedege. Familia ya ofisa aliyepelekwa masomoni Ulaya na iutambue mti huu mapema. Mtoto akila mbegu zake, asilazimishwe kutapika. Apelekwe hospitali mara moja pamoja na ganda moja la kumwonyesha daktari.

Sitisini hufanya kazi mwilini kwa namna inayokaribia ile ya tumbaku. Katika Vita Kuu ya Pili, askari waliokosa sigara walivuta majani ya mti huu, jambo lisilofaa kuigwa. Wabulgaria walifanya la maana zaidi: tangu mwaka 1964 waliuza vidonge vya sitisini, kwa jina la Tabex, vya kumsaidia mvutaji aache sigara.

Fundi anayeupiga randa na afunike pua na mdomo, wala asichonge miiko au bakuli za chakula.

Ule mti wa maua ya manjano uonekanao kando ya barabara za kwetu, ambao Waingereza huuita laburnamu ya Kihindi, ni mwingine. Maganda yake ni meusi, ya mviringo, marefu kama fimbo.