Sentensi moja ya kumkumbuka marehemu inatosha

Fundi amechuchumaa kando ya kaburi linalojengewa katikati ya migomba, msumari mkononi. Saruji ya msalaba bado mbichi, ikikauka haitaandikika tena. Jina la marehemu ameshaliandika, mwaka wa kuzaliwa na wa kufariki pia. Chini imebaki nafasi ya mstari mmoja.

"Hapa niandike nini?" anauliza. Wanafamilia wanatazamana.

Ni hali inayoweza kuzikuta nyumba nyingi za Keza, wilayani Ngara, mkoani Kagera, sawa na vijiji vingine ambako ndugu huzikwa shambani kwao na kaburi likaonekana kutoka mlangoni. Watu waliolia, wakapika, wakapokea wageni na kuchanga fedha za msiba, wakiombwa maneno matano tu wanakwama. Mwishowe mmoja husema, "Andika Pumzika kwa Amani." Fundi anaandika, kazi inaisha.

Hakuna ubaya katika maneno hayo, yamewafariji wengi. Ila yanamfaa kila marehemu, kwa hiyo hayamwelezi yeyote. Mjukuu atakayesimama pale baada ya miaka 20 atajua bibi yake alizaliwa lini na alifariki lini. Hatajua alikuwa mtu wa namna gani.

Mtoto anayesubiri gari

Chukulia kwamba kaburi hilo ni la bibi aliyekuwa akilala chumba kimoja na mjukuu wake wa miaka mitano. Siku ya msiba wakubwa walimwambia mtoto, "Bibi amesafiri." Waliona wamemwepusha na machungu.

Lakini mtoto wa umri huo huyachukua maneno kama yalivyo. Aliyesafiri hurudi. Kila jioni gari likisimama njia panda, anakimbia kutazama nani anashuka. Wiki ya tatu anamuuliza mama yake, "Bibi amenikasirikia?"

"Amelala" nalo lina madhara yake. Mtoto akiambiwa kwamba bibi alilala na hakuamka, anaweza kuanza kuogopa kitanda, au kumwamsha mama usiku kuhakikisha kwamba bado anapumua.

Watoto wadogo hawajaelewa kwamba kifo ni cha kudumu, na baadhi hudhani wao ndio walikisababisha kwa utundu wao. Ndiyo maana wanahitaji neno lenyewe, kwa upole: bibi amekufa. Mwili wake umeacha kufanya kazi, hapumui tena, hasikii maumivu wala njaa. Harudi. Si kosa lako. Familia yenye imani yake iiongeze juu ya ukweli huo, isiitumie kuuficha.

Mtoto atauliza tena kesho na keshokutwa. Ajibiwe vilevile. Kurudia swali ndiyo njia yake ya kuelewa.

Sifa hazitoshi, kitafutwe kitendo

Kumwambia mtoto ukweli ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kumpa kitu cha kubaki nacho.

Kiswahili kina maneno mengi ya msiba: poleni, Mungu awape subira, mbele yake nyuma yetu. Ng'ambo ya mpaka, nchini Burundi, husema "mwihangane", yaani vumilieni. Hayo ni maneno ya kumpa aliyefiwa. Kumkumbuka aliyekufa ni kazi nyingine, na wengi hukwama kwa sababu wanatafuta maneno makubwa.

Yapo maswali matatu yanayosaidia. Alikuwa akifanya nini kila siku? Alizoea kusema nini? Tangu aondoke, ni kitu gani kimepungua humu ndani?

Katika nyumba ile, mama anawauliza wote jioni moja baada ya kula. Shangazi anasema marehemu alikuwa mcha Mungu. Baba anasema alikuwa mkarimu. Wote wanaitikia, lakini hakuna anayemwona bibi machoni pake. Ndipo binti wa darasa la nne anaposema, "Bibi alikuwa hafungi mlango mpaka wote tumerudi."

Kimya kinatanda. Kila mmoja anaujua mlango ule. Baba mdogo anayefanya kazi Mwanza, ambaye hakuwahi mazishi na tangu afike hajawatazama wenzake usoni, anakumbuka usiku alioingia saa nane kwa kuchelewa gari. Aliukuta mlango umeegeshwa, taa inawaka na chakula kimefunikwa. Anaanza kulia, kisha anaanza kusimulia.

Sifa kama ukarimu humfanya msikilizaji aitikie tu. Kitendo humrudishia sauti ya mtu na harufu ya jiko lake.

Ukweli hufariji kuliko kupamba

Si kila marehemu alikuwa mpole. Yupo baba aliyekuwa mkali, na watoto wake wakisikia akisifiwa kwa upole wanajua wanadanganywa. Kwake inatosha kusema, "Alikuwa mkali, lakini hatukukosa madaftari hata siku moja." Hapo mtoto anaruhusiwa kumpenda na pia kukumbuka kwamba alimwogopa.

Kwa kichanga ambacho hakikukaa duniani, wazazi huambiwa, "Mtapata mwingine." Ni maneno yanayouma. Mama huyo angependa zaidi kusikia jina la mwanawe likitajwa: "Tulikupa jina, na jina hilo bado tunalo."

Na kabla picha ya marehemu haijawekwa kwenye status ya WhatsApp na "RIP", watoto wa nyumba hiyo waulizwe wanapenda picha ipi na wangependa iandikwe nini. Picha ya marehemu akiwa hoi kitandani wengi hawataichagua. Watachagua ile aliyokuwa akicheka.

Pale ambapo hakuna kaburi

Mkoa wa Kagera unajua pia msiba usio na kaburi la kutembelea. Mnamo 21 Mei 1996 meli ya MV Bukoba, iliyotoka Bukoba, ilizama karibu na Mwanza ikiwa na mamia ya watu. Wengi walizikwa Igoma, Mwanza, mbali na mashamba ya kwao, na wengine hawakupatikana. Nchini Rwanda, kuvuka tu daraja la Rusumo, maombolezo ya mauaji ya kimbari ya mwaka 1994 huanza kila 7 Aprili na huitwa Kwibuka, yaani kukumbuka. Huko nako wapo wasiojua ndugu zao walizikwa wapi.

Kwa familia kama hizo sentensi moja ina uzito mkubwa zaidi, maana ndiyo inayobaki mahali pa kaburi. Inaweza kuandikwa nyuma ya picha au kwenye daftari la nyumbani, na kusemwa kabla ya chakula siku ya kumbukumbu. Mtoto mmoja akipewa kazi ya kuisema kila mwaka, ataikumbuka akiwa mtu mzima na atawaambia wanawe.

Usiku wa mlango

Usiku ule mama anakaa na yule wa miaka mitano kitandani. "Bibi amekufa, mwanangu. Harudi na gari. Hakukukasirikia. Alikuwa hafungi mlango mpaka wote tumerudi. Sasa mlango nitaufunga mimi, na sitaufunga wewe ukiwa nje."

Mtoto analia sana kwa mara ya kwanza tangu msiba. Kesho yake jioni gari linasimama njia panda, naye hakimbii. Wakati wa kulala anasimama mlangoni, anahesabu watu kwa vidole: baba, mama, dada, shangazi, baba mdogo. "Tumetimia," anasema. "Funga."

Na fundi? Alishapewa jibu lake asubuhi ile. Aliandika polepole, herufi kubwa, na nafasi ikatosha: HAKUFUNGA MLANGO MPAKA WOTE TUMERUDI.