Shahidi Asiyeitwa: Kesi ya Anthropolojia Mbele ya Wahakiki wa Fasihi

Kesi ya anthropolojia katika idara za fasihi za Afrika Mashariki ilikwisha kuhukumiwa zamani, na mashahidi wa upande mmoja tu ndio waliosikizwa. Mashtaka yenyewe hukaririwa na kila mwanafunzi wa mwaka wa kwanza: kwamba taaluma hii ilifuata nyayo za mkuu wa wilaya, ikamwandikia mtawala habari za mtawaliwa, na kumwita mtu mzima mshenzi ilhali imekula ugali wake. Ushahidi upo, tena si haba. Okot p'Bitek, aliyesomea taaluma hiyo Oxford, alitoboa katika kitabu chake cha 1970 kuhusu dini za Kiafrika jinsi alivyolazimika kuwapinga walimu wake darasani kwa mazoea yao ya kuwaita Waafrika majina ya dharau. Hakuna mhakiki mwenye haya atakayemkana Okot.

Hata hivyo, hukumu iliyotolewa imevuka mipaka ya ushahidi. Kutoka kusema kwamba Waingereza fulani waliitumia anthropolojia vibaya, wahakiki wetu wameruka hadi kudai kwamba anthropolojia ni moja, ni ya Mzungu, na Mwafrika hana lake ndani yake isipokuwa kuchunguzwa. Dai hili huvaa joho la uzalendo. Kwa hakika linamnyang'anya Mswahili kazi ya mikono yake.

Mnamo mwaka 1903 kilichapishwa Ujerumani kitabu *Desturi za Wasuaheli*. Jalada lilibeba jina la Carl Velten. Sehemu kubwa ya maneno yaliyomo iliandikwa na Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, aliyekuwa akifundisha Kiswahili mjini Berlin tangu 1900. Humo mna kuzaliwa na kulea, jando na unyago, arusi, ngoma, pepo, watumwa na mabwana zao, sheria na safari za bara. Mtoro hakuhitaji mkalimani wala hakupiga hema pembeni mwa kijiji. Alieleza jamii aliyoijua kwa kuishi ndani yake, kwa lugha ya jamii hiyo, na kwa nathari ambayo hadi leo yaweza kumfunza mwandishi kijana namna ya kutosheka na neno moja pale ambapo moja latosha. Haya yalikuwa yamekwisha chapwa miaka kumi na zaidi kabla ya Malinowski kukanyaga visiwa vya Trobriand, mahali panaposemekana kuwa ndiko utafiti wa nyanjani ulikozaliwa.

Malipo ya Mtoro yanajulikana. Mwaka 1905 alipotaka kurejea pwani pamoja na mkewe Mjerumani, serikali ya koloni haikumruhusu kushuka. Akarudi Berlin, na huko ndiko alikofia mwaka 1927. Jina lake lilipata nafasi katika anwani ya kitabu mwaka 1981, na hiyo ilikuwa tafsiri ya Kiingereza! Basi yaulizwe haya: anayesema kwamba anthropolojia ni ya Mzungu pekee anamtetea nani, Mtoro au Velten?

Wala Mtoro si peke yake. Jomo Kenyatta alikaa katika semina ya Malinowski mjini London, na kitabu chake cha 1938 kilitumia zana za darasa lile kuthibitisha kwamba ardhi ya Wagĩkũyũ ilikuwa na wenyewe kabla ya mlowezi kufika. (Kwamba kitabu hicho hicho kilitetea tohara ya wasichana ni jambo la kumlaumu Kenyatta, na lawama hiyo haihitaji kufichwa.) Katika semina hiyo alipita pia Fei Xiaotong, Mchina aliyeandika juu ya kijiji cha Kaixiangong na kiwanda chake cha ushirika cha hariri, akidai kwamba mkulima hataokoka pasipo viwanda vya vijijini, mwaka 1957 serikali ya nchi yake ikamtia katika orodha ya wapinzani. Peru ilimtoa José María Arguedas, mwanaanthropolojia na mwanariwaya katika mwili mmoja, aliyekipindapinda Kihispania mpaka kikabeba pumzi ya Kikechua. Ni ajabu kwamba wahakiki wanaohubiri umoja wa fasihi za ulimwengu wa tatu hawaoni kwamba riwaya za Arguedas hazitenganiki na daftari zake za utafiti.

Hapa sharti watetezi wa anthropolojia nao wazuiwe wasishangilie mapema. Kuorodhesha mataifa hakumtakasi mtu. Wala kule kusema kwamba taaluma siku hizi inatenda badala ya kuandika tu si utetezi, kwa maana yategemea inamtendea nani. Kati ya 2007 na 2014 jeshi la Marekani liliajiri wataalamu wa jamii, wakiwemo wanaanthropolojia, wafuatane na vikosi vyake Iraki na Afghanistani. Hayo nayo yalikuwa matendo, na chama cha wanaanthropolojia wa Marekani kiliyapinga mwaka 2007. Nchini Brazili, Darcy Ribeiro na wenzake walipigania hifadhi ya Xingu iliyoundwa mwaka 1961, na tangu katiba ya 1988 itambue haki ya wenyeji juu ya ardhi zao za jadi, ripoti ya mwanaanthropolojia imekuwa silaha katika upimaji wa mipaka. Daftari ni lile lile. Tofauti i katika mkono unaolipokea.

Na idara za fasihi zenyewe? Waraka wa Oktoba 1968 wa Ngũgĩ wa Thiong'o, Owuor-Anyumba na Taban lo Liyong uliipa fasihi simulizi kiti chake, na haki ilitendeka. Lakini fasihi simulizi hukusanywa vipi? Mwanafunzi hupelekwa kijijini na kinasa sauti, hukaa siku chache, humtafuta mzee, hurekodi, hutafsiri kwa Kiingereza, hupata shahada. Hii ni anthropolojia, tena ile duni, isiyokaa muda wa kutosha hata kujifunza matusi ya mahali. Okot, ambaye laana yake hunukuliwa sana, alijua tofauti hiyo: nyimbo za Kiacholi alizozichapisha mwaka 1974 ziliwekwa pamoja na maneno yake ya asili. Wanaomnukuu hawamwigi.

Mlango wa mbele umefungwa kwa kishindo, na kupitia ule wa uani mgeni ameingia na daftari la Velten kwapani. Fungua tasnifu yoyote katika rafu zetu: msimamizi ametajwa, mtahini ametajwa, mchapaji ameshukuriwa. Bibi aliyesimulia hadithi tangu magharibi hadi usiku wa manane ameandikwa "mtoa habari, mwanamke, miaka 70 hivi".