BIBI MZEE SI MCHAWI TU

Ndugu wafanyi kazi,

Sisi wa reli hapa Nakuru twatazama michezo baada ya zamu, na tumechoka. Kila bibi mwenye mvi akitokea ni mchawi, au mama mkwe mwenye fitina, au yu kitandani angoja kufa. Ndivyo walivyo mama zetu, wauzao viazi alfajiri na kuwasomesha wajukuu?

Mary Khavere, yule Mama Kayai wa Vitimbi, ametuchekesha miaka mingi, wala Mzee Ojwang hakumweza. Bi Kidude wa Unguja alikuwa kikongwe alipopewa tuzo ya muziki ya WOMEX mwaka 2005. Mwaka 2006 ikatoka filamu nzima juu yake yeye mwenyewe, si juu ya bwana fulani! Alifariki mwaka 2013.

Basi watengenezaji wasituambie watazamaji hawataki wazee. Watazamaji ni sisi.

Tena twauliza malipo. Bibi akiitwa siku moja, akapewa nauli na soda, akiba yake i wapi? Sisi twakatwa NSSF, na tajiri hutoa fungu lake. Naye aandikiwe mkataba, atolewe fungu hilo hilo. Jambo hili tutalileta katika mkutano wa tawi, na mama zetu waje waseme wenyewe.